Albamu nane za Talking Heads katika FLAC: GB mbili zinakununulia nini?

Kati ya 1977 na 1988 bendi ya Talking Heads ya New York ilitoa albamu nane za studio. Ukizipiga mfululizo, kuanzia Talking Heads: 77 hadi Naked, utatumia saa tano na nusu hivi. Ukianza baada ya chai ya asubuhi, chakula cha mchana kitakukuta unakaribia ya mwisho. Muziki ni uleule kwa kila msikilizaji, lakini uzito wake kwenye simu unatofautiana mno. Kwa MP3 ya kilobiti 128 kwa sekunde, albamu zote nane zinaingia kwenye MB 320 hivi. Kwa MP3 ya kilobiti 320 zinakaribia MB 800. Kwa FLAC, aina ya faili linalobana muziki bila kupoteza kitu, ya kiwango cha CD, zinakula GB 2 na ushee. Na ukiingia kwenye FLAC ya zile zinazouzwa kama za ubora wa juu, za biti 24 na sampuli 96,000 (yaani vipimo vya sauti kwa sekunde), andaa GB 6 au 7.

Kwa mtu wa Mwanza anayenunua bando la wiki, na ambaye memori kadi yake imeshajaa video za harusi na za kwaya, hilo ni swali la pesa kabla halijawa swali la muziki. Je, hizo MB za ziada zinaleta kitu masikioni, au ni fahari ya kuonyeshana tu?

Msimamo wangu ni huu. FLAC inakuhakikishia jambo moja: kilichoingia kwenye faili ndicho kitakachotoka. Basi. Haikwambii kilichoingizwa kilikuwa kizuri kiasi gani, wala haiwajibiki kwa yatakayoipata sauti baada ya kutoka. Mabishano mengi ya wapenda muziki, yale ya kubishana mpaka chai inapoa, yanatokana na kuyachanganya mambo hayo matatu. Tuyatenganishe.

Kilichomo ndani ya faili

Sauti ni mtikisiko wa hewa. Mashine ya kurekodi hupima mtikisiko huo mara nyingi kwa sekunde na kuandika kila kipimo kama namba. CD hupima mara 44,100 kwa sekunde kwa upande wa kushoto na mara nyingine 44,100 kwa upande wa kulia, na kila kipimo huandikwa kwa biti 16, yaani tarakimu 16 za sifuri na moja. Zidisha 44,100 kwa 16, kisha kwa 2, unapata biti 1,411,200 kwa sekunde moja. Dakika moja ni MB 10 na nusu. Ndiyo maana albamu ya dakika 40 kama Remain in Light ni karibu MB 420 kabla haijabanwa.

Kwa nini 44,100? Kanuni inayohusishwa na Harry Nyquist na Claude Shannon inasema kwamba ukipima kwa kasi inayozidi mara mbili ya masafa (idadi ya mitikisiko kwa sekunde, inayopimwa kwa hertzi) ya juu kabisa unayotaka kuyahifadhi, unaweza kulirudisha wimbi lote kama lilivyokuwa. Lote, bila ngazi ngazi zile zinazochorwa kwenye matangazo ya kuuza vifaa vya bei mbaya. Sikio la kijana mwenye afya hukomea hertzi 20,000 hivi, na umri ukisogea kikomo hicho kinashuka taratibu bila wewe kupewa taarifa. Nusu ya 44,100 ni 22,050, kwa hiyo CD inavuka kikomo cha sikio na chenji inabaki. Biti 16 nazo zinatoa nafasi ya desibeli 96 kati ya sauti kubwa kabisa na mnong'ono wa mwisho.

MP3 ilizaliwa kutokana na tatizo la ukubwa huo. Wahandisi wa taasisi ya Fraunhofer ya Ujerumani, Karlheinz Brandenburg akiwa mmoja wao, walijenga juu ya udhaifu wa sikio la binadamu: sauti kubwa huifunika ndogo iliyo karibu nayo. Honi ya basi ikipigwa kando yako pale stendi ya Nyegezi, muuza karanga anayenadi hatua mbili kutoka kwako anapotea kabisa, ingawa sauti yake bado imo hewani. MP3 hutafuta sauti zilizofunikwa namna hiyo na kuziandika kwa ukali mdogo au kuziacha kabisa. Ni kazi ya akili sana, na ikifanywa kwa kilobiti za kutosha ni vigumu kuigundua. Lakini kilichoachwa kimeachwa. Hakirudi.

FLAC, iliyoanzishwa na Josh Coalson na kutolewa rasmi 2001, haitupi kitu. Fikiria gunia la dagaa pale mwalo wa Kirumba. Mpakiaji mmoja analishindilia mpaka linapungua kimo, na likifunguliwa linakofika kila dagaa yumo. Mwingine anapunguza uzito kwa kuchambua wale anaodhani mnunuzi hatawaona. Wa kwanza ndiye FLAC, wa pili ni MP3, na wote wawili watakwambia wamepunguza mzigo.

Namna FLAC inavyoshindilia si siri wala muujiza. Mawimbi ya sauti hayarukiruki ovyo. Kipimo kimoja hufanana na kilichotangulia. Tuseme vipimo vinne vilivyofuatana ni 100, 104, 108 na 112. Programu inabashiri kwamba kinachofuata ni 116. Ikikuta ni 117, haiandiki 117. Inaandika kanuni ya ubashiri mara moja kwa kundi zima la vipimo, kisha inaandika tofauti tu, yaani 1. Namba ndogo hula biti chache. Wakati wa kucheza, simu inarudia ubashiri uleule, inajumlisha tofauti, na kupata 117 ileile. Kwa muziki wa kawaida faili hushuka hadi kati ya nusu na asilimia 70 ya ukubwa wa awali. Sehemu tulivu zenye gitaa moja hubanika sana, na sehemu zenye matoazi, kelele na makofi hubanika kidogo, kwa kuwa kelele haibashiriki. Ukiona nyimbo mbili za urefu mmoja zina MB tofauti ndani ya albamu moja ya FLAC, usiogope. Ndivyo inavyotakiwa kuwa.

Tena faili la FLAC hubeba alama ya utambulisho iliyokokotolewa kutokana na sauti ya awali kabla haijabanwa. Programu inaweza kulifungua faili, kuikokotoa alama hiyo upya na kulinganisha. Biti moja ikiwa imeharibika kwenye flashi iliyochakaa, alama hazitalingana. Hakuna haja ya kuamini masikio wala maneno ya aliyekurushia.

Faili kubwa lenye sauti ndogo

Hapa ndipo watu wanapoingizwa mjini. Kwenye kibanda kimoja cha kuingiza nyimbo, mteja anauliza kama albamu ni FLAC ya kweli. Kijana anageuza skrini: "Bro, cheki mwenyewe, wimbo mmoja MB 30. MP3 inafika huko?" Mteja anaridhika na kulipa.

Lakini MB 30 hazithibitishi kitu. Ukichukua MP3 ya kilobiti 128 na kuigeuza kuwa FLAC, programu haitakataa. Itaifungua MP3, itapata mkondo wa namba, na itazihifadhi namba hizo kwa uaminifu mkubwa, pamoja na mapengo yake yote. Ile alama ya utambulisho nayo italingana kabisa, maana inalinda kilichoingizwa, na kilichoingizwa ni MP3. Sijui kama vijana wa vibandani wanafanya hivyo kwa kudanganya. Wengi wao wamepokea faili likiwa hivyo kutoka kwa mtu aliyelipokea kwa mwingine.

Kulikamata ni rahisi ukiwa na kompyuta. Programu ya bure iitwayo Spek inachora sauti kwa rangi: muda kutoka kushoto kwenda kulia, masafa kutoka chini kwenda juu. Fungua wimbo wenye matoazi mengi. FLAC iliyotoka kwenye CD huonyesha rangi zikipanda na kufifia zenyewe hadi karibu na hertzi 22,000. MP3 ya 128 iliyovaa koti la FLAC huonyesha rangi zikikatwa ghafla kwenye hertzi 16,000 hivi, mstari umenyooka kama umepigwa rula, na juu yake weusi mtupu. MP3 ya 320 hukata juu zaidi, karibu na 20,000, kwa hiyo inataka jicho kali. Kuna nyimbo za zamani zisizo na sauti nyingi za juu tangu studio, basi usimhukumu mtu kwa wimbo mmoja. Angalia albamu nzima.

Njia ya uhakika zaidi ni kutengeneza FLAC mwenyewe kutoka kwenye CD halisi. CD zilizotumika za bendi za Uingereza na Marekani bado zinazagaa, na mtu anayesafiri anaweza kukuletea. Programu ya Exact Audio Copy husoma diski kwa makini, kisha hulinganisha matokeo na hazina ya AccurateRip, ambamo watu wa nchi mbalimbali waliosoma CD ileile wamepeleka alama zao. Yakilingana, umepata zilezile namba zilizochapwa kiwandani. Tatizo ni kompyuta yenyewe: mpya nyingi hazina tena tundu la CD, na kinachobaki ni kuazima kiendeshi cha nje kutoka kwa fundi.

Swali ambalo watu hawaulizi: toleo gani?

Sasa tumefika panaponigusa zaidi, na ndipo tofauti zinaposikika hata kwa asiye na masikio ya mbwa. Albamu haina sauti moja. Studio hutoa mkanda mkuu, na kila kampuni inapoitoa albamu upya, mhandisi huketi tena na mkanda huo akaamua besi iwe kiasi gani, sauti za juu zing'ae vipi, na jambo linaloleta ugomvi mkubwa, wimbo uwe na kelele kiasi gani.

CD za kwanza za Talking Heads zilitoka miaka ya 1980. Mwaka 2005 albamu zote nane zikatolewa upya kwenye boksi jeupe, kila diski ikiwa na upande mmoja wa sauti ya kawaida na upande wa pili wenye sauti ya spika tano na sabufa, Jerry Harrison wa bendi yenyewe akiwa ameshiriki kuichanganya. Sauti ya kawaida ya matoleo hayo imepandishwa kuliko ya zile CD za mwanzo. Kupandisha huko hufanywa kwa kukandamiza: vilele vya ngoma vinakatwa au kushushwa, kisha wimbo wote unainuliwa. Kwa sekunde kumi za kwanza unaipenda, kwa sababu sikio la binadamu hudhani kilichopiga kelele zaidi ndicho bora. Baada ya albamu nzima unajikuta umechoka bila kujua kwa nini. Pigo la ngoma ya Chris Frantz, ambalo lilipaswa kuruka mbele ya gitaa, limebanana na gitaa kwenye mstari mmoja.

FLAC ya toleo lililokandamizwa itakuhifadhia ukandamizaji huo bila kupoteza hata chembe. Ndiyo maana nasema MP3 ya 320 iliyotengenezwa kutoka CD nzuri ya zamani inaweza kuishinda FLAC ya toleo baya, na mwenye FLAC akabaki anashangaa mbona hasikii raha aliyoahidiwa. Wengine wanapenda matoleo ya 2005 kwa uwazi wake, na si wajinga. Ila wajue wanachokipenda ni kazi ya mhandisi, wala si aina ya faili.

Matoleo hayatofautiani kwa kelele peke yake. Chukua Speaking in Tongues ya 1983. Kaseti yake ilikuwa na nyimbo tano zilizorefushwa kuliko zilivyokuwa kwenye santuri, kwa sababu mkanda ulikuwa na nafasi na santuri haikuwa nayo. Yaani mtu wa kawaida mwenye redio kaseti, kile kifaa ambacho sisi huku ndicho tulichokuzwa nacho, alipata muziki mwingi kuliko tajiri mwenye santuri na amplifaya. Stop Making Sense, rekodi ya jukwaani iliyotokana na filamu ya Jonathan Demme, ilitoka 1984 kwenye santuri ikiwa na nyimbo 9. Toleo la 1999 lilibeba 16. La 2023 likafikisha 18. Mtu akikwambia anayo "Stop Making Sense ya FLAC", bado hajakwambia anacho nini.

Na The Name of This Band Is Talking Heads, albamu maridhawa ya maonyesho iliyotoka 1982, haikuwahi kuwa CD mpaka 2004. Ukikuta FLAC yake inayodaiwa kutoka CD ya miaka ya 1980, hiyo imepikwa.

Kwa hiyo kabla ya kuuliza biti ngapi, uliza mwaka gani. Huduma za kusikiliza kwa intaneti mara nyingi hukupa lile toleo ambalo kampuni ya muziki imelipeleka, na kubadilisha huwezi. Apple Music iliweka sauti isiyopoteza kitu kwa wateja wake wote 2021 bila kuongeza bei, na Spotify ikafuata 2025. Ni hatua nzuri. Ila ukitumia huduma hizo, soma maandishi madogo chini ya jina la albamu. Mara nyingi mwaka wa toleo umeandikwa pale.

Mahali masikio yanaposikia tofauti

Tuchukue Remain in Light, ya Oktoba 1980, kwa sababu ndiyo albamu yao inayomtesa zaidi mbanaji wa faili, na ndiyo inayomkaribisha zaidi msikilizaji wa Kanda ya Ziwa. Brian Eno, mtayarishaji wao, alikuwa amewasikilizisha Fela Kuti. Wakaenda studio ya Compass Point huko Nassau, Bahamas, wakaacha desturi ya kutunga wimbo wenye ghani na kiitikio juu ya mfuatano wa kodi za gitaa, yaani nota kadhaa zinazopigwa kwa pamoja. Badala yake walirekodi vipande vifupi vya kujirudia, wakavipanga kimoja juu ya kingine: gitaa linakwaruza kidogo, kengele inajibu, besi ya Tina Weymouth inaruka pale ambapo ungetarajia itue.

Aliyewahi kusimama karibu na wapiga ngoma wa Bugobogobo, kule Bujora au kwenye sherehe yoyote ya Wasukuma, hahitaji kufundishwa namna ya kusikiliza muziki wa aina hiyo. Hufuati ngoma moja. Unafuata nafasi zilizopo kati ya ngoma na ngoma, na mwili unaamua wenyewe. Angélique Kidjo wa Benin aliirudia albamu yote kwa namna yake 2018, akaipeleka hadharani upande ambao ilikuwa ikiuangalia muda wote.

Kwenye mpangilio huo, vitu vinavyoumia kwanza faili likibanwa sana ni vile vidogo vya pembeni: matoazi, manyanga, mkwaruzo wa ncha ya gitaa. MP3 hufanya kazi kwa vipande vya sampuli 1,152, takriban sehemu 26 za elfu ya sekunde, na makosa yake husambaa ndani ya kipande. Pigo kali likitokea katikati, baadhi ya makosa hutangulia pigo lenyewe. Kwa kilobiti 128 unaweza kuusikia huo mchakacho mdogo kabla ya kengele, na matoazi yanageuka kuwa kama maji yanayotiririka. Kwa 320, ukitumia programu nzuri ya kubana kama LAME, karibu yote hayo yanaondoka.

Makofi ni adui mwingine wa MP3. Mwanzo wa Stop Making Sense, David Byrne, mwimbaji wao, anaingia jukwaani peke yake na gitaa, anaweka redio kaseti sakafuni, na mapigo ya ngoma yanaanza. Sikiliza watu wanavyoshangilia. Kwenye FLAC unasikia viganja vya watu mbalimbali, wa mbele na wa nyuma ya ukumbi. Kwenye MP3 ndogo unasikia mvua kwenye bati. (Na hayo mapigo hayatoki kwenye ile redio hata kidogo. Yalitoka kwenye mashine ya ngoma ya Roland TR-808 kupitia meza ya sauti. Redio ilikuwa pambo.) Rekodi hiyo ya jukwaani ina faida nyingine kwa FLAC: MP3 huongeza ukimya mfupi mwanzoni na mwishoni mwa kila wimbo, na programu isiyojua kuuondoa itakukatia shangwe katikati kila wimbo unapobadilika. FLAC haina pengo hilo.

Naked ya 1988, iliyorekodiwa Paris pamoja na wanamuziki wa Afrika waliokuwa huko, akiwamo Abdou M'Boup wa Senegal, nayo inafaidika. Little Creatures na True Stories? Ni nyimbo nyepesi, zilizonyooka, gitaa na ngoma tu kwa sehemu kubwa. Ukikosa nafasi kwenye kadi, anza kubana hizo.

Kutoka kwenye faili mpaka kwenye sikio

Umepata toleo zuri, umehakikisha FLAC ni ya kweli, umelipia GB 2. Kisha unawasha spika ya Bluetooth. Hapo umerudi ulikotoka. Bluetooth ya kawaida haina barabara pana ya kupitisha sauti nzima, kwa hiyo simu inaifungua FLAC na kuibana upya, kwa kupoteza, kabla ya kuirusha. Mbinu ya msingi ambayo kila kifaa kinayo, SBC, kwa kawaida hufikia kilobiti 328 hivi kwa sekunde. LDAC ya Sony inafika 990, na bado hupoteza. Sisemi sauti itakuwa mbaya. Spika nzuri ya Bluetooth ni spika nzuri. Nasema tu kwamba hiyo FLAC haijafika kwenye spika, na MP3 ya 320 ingekuhudumia karibu sawasawa.

Waya ndio unaomaliza ubishi. Eafoni za waya za bei ya wastani zinazoziba sikio vizuri zitakuonyesha mengi kuliko kupanda kutoka MP3 ya 320 hadi FLAC, na kwa kiasi kikubwa. Simu nyingi za bei nafuu bado zina tundu la eafoni. Zisizo nalo zinahitaji kile kiunganishi kidogo cha USB-C, ambacho ndani yake kuna chipu inayogeuza namba kuwa umeme. Simu nyingi za Android hugeuza pia sampuli 44,100 kuwa 48,000 kabla ya kutoa sauti. Hilo linawanyima wengine usingizi. Mimi linaniacha nilale.

Sabufa zetu nazo tuziseme kwa haki. Zimetengenezwa zijaze uwanja kwa besi, na kwa harusi ni sawa. Lakini sabufa inayovimbisha besi huifunika kengele ndogo ya Remain in Light kuliko MP3 yoyote ilivyowahi kuifanya. Ndani ya daladala ya kwenda Igoma, madirisha wazi na kondakta akigonga bodi, hakuna binadamu anayetofautisha FLAC na MP3 nzuri. Sauti zile ndogo zilizohifadhiwa kwa gharama ya GB zinazama chini ya injini.

Kuhusu faili za biti 24 na sampuli 96,000, nitapita haraka kwa sababu hapastahili muda. Albamu za mwanzo za Talking Heads zilirekodiwa kwenye mkanda wa sumaku, na mkanda wenyewe una mchakacho wake unaoanza kusikika kabla biti 16 hazijaisha. Biti za ziada zinauhifadhi mchakacho huo kwa usahihi mkubwa sana. Sampuli za ziada zinahifadhi masafa ambayo wewe husikii na eafoni zako hazitoi. Studioni, wakati wa kuchanganya, biti 24 ni muhimu kweli. Kwa kusikiliza, ni MB za kumpa jirani. Sababu pekee ya kuzichukua ni pale toleo lililotengenezwa kwa uangalifu zaidi linapopatikana katika umbo hilo tu.

Usiniamini, jipime

Programu ya foobar2000 kwenye Windows ina nyongeza ya kufanya jaribio la upofu. Tengeneza MP3 ya 320 kutoka kwenye FLAC yako mwenyewe, ili toleo liwe moja. Hakikisha zote mbili zina kiwango kimoja cha sauti, maana yenye kelele kidogo zaidi itashinda bila haki. Programu inakupa faili A, faili B, na X ambayo ni mojawapo kati ya hizo bila kukwambia ipi. Unasikiliza, unachagua, unarudia mara 16. Anayebahatisha atapata 8 hivi. Kupata 12 au zaidi kwa bahati tupu hutokea chini ya mara 4 katika 100, kwa hiyo ukifika hapo unaweza kudai unasikia tofauti. Tumia sekunde kumi zenye manyanga na kengele, usitumie wimbo mzima. Kumbukumbu ya sauti ni fupi. Fanya kwanza na MP3 ya 128 ili ulijue jeraha lilivyo, ndipo upande 320. Na fanya usiku, jenereta za jirani zikiwa zimezimwa.

Wengi wetu tutashindwa kwenye 320. Mimi sioni aibu humo, na bado naweka FLAC, kwa sababu moja ambayo haihusu masikio. Kila unapobana kilichokwishabanwa unapoteza tena. Kutoka FLAC unaweza leo kutengeneza Opus (aina nyingine ya faili linalobanwa kwa kupoteza, kama MP3) ya kilobiti 160 kwa ajili ya simu, albamu zote nane zikakaa kwenye MB 400 hivi, zikisikika vizuri tu garini na kwenye kivuko cha Kamanga. Ikija mbinu bora miaka mitano ijayo, unarudi kwenye FLAC ileile na kutengeneza upya, hasara ikitokea mara moja tu. Mwenye MP3 peke yake anakata nguo iliyokwishakatwa.

Kwa hiyo FLAC ikae nyumbani, kwenye diski mbili tofauti, maana flashi hufa bila kuaga. Kwenye simu weka Opus. Ikipotea pamoja na simu, utaitengeneza nyingine kwa dakika chache bila kugusa bando.